Maua ya Buluu Chini ya Ulinzi

Mama mkwe wangu aliwahi kuwa mshukiwa wa polisi kwa msimu mzima wa mvua, na katika miaka yote niliyokaa naye sikumwona na furaha kama ile.

Ilikuwa Koboko, mwanzoni mwa miaka ya tisini, watu wakiwa wamesharudi kutoka ukimbizini Sudan na Zaire lakini nyumba nyingi zikiwa bado hazijapata paa jipya. Mimi ni Mkakwa wa Abuku, mtoto wa wakulima. Mume wangu ni Mnubi, mtoto wa askari. Wakati ule alikuwa Oraba, mpakani, akishughulikia karatasi za malori yanayovuka kwenda Kaya. Alikuwa akija nyumbani kila Alhamisi jioni, anaswali Ijumaa, anaondoka Jumamosi. Siku nyingine zote tulibaki wawili, mimi na mama yake. Mtaa mzima ulimwita Haboba, maana yake bibi, ingawa hakuwa na mjukuu hata mmoja. Alisema ukingoja wajukuu waje ndipo uitwe bibi, utakufa ukiitwa mama.

Haboba alikulia kambi ya jeshi, akaolewa kambini, akazaa kambini, tena mbali na kwetu, kusini huko. Kikakwa chake kiliishia kwenye salamu, na Kinubi changu kilikuwa cha kununulia chumvi. Basi tuliongea Kiswahili chetu cha huko, kile cha jeshi na cha madereva, ambacho mtu wa pwani akikisikia hushika kichwa.

Kazi yake ilikuwa kusuka vile vifuniko vya chakula vya rangi ambavyo Wanubi huviweka juu ya sinia. Nyekundu yake iliwaka, zambarau yake ilikolea. Buluu ndiyo iliyomtesa. Rangi ya buluu ya dukani ilipauka mapema ikawa kama maji ya kuoshea vyombo. Akiangalia bustani za watu alilalamika vilevile: "Nyekundu iko, manjano iko, nyeupe iko. Buluu Mungu alisahau Koboko."

Alipenda maua kwa tabia ya kijeshi. Kambini, mkubwa alikuwa akipita kukagua nyua, na mwanamke mwenye ua zuri alipewa sukari. Kambi ilikwisha, mkubwa mwenyewe hatujui aliishia wapi, lakini Haboba aliendelea kufagia ua kwa mistari iliyonyooka kana kwamba ukaguzi ni kesho.

Alhamisi moja mume wangu alirudi na pakiti ndogo ya mbegu. Alipewa na dereva wa lori la misaada. Yeye na wenzake walipofungua mzigo wa mahindi na maharage huko ng'ambo ya mpaka, walikuta katikati yake sanduku zima la mbegu za maua. Sijui waliotuma walifikiri nini. Labda walidhani mkimbizi naye hupenda maua, na kwa Haboba hawakukosea.

Kwenye pakiti kulikuwa na picha: shina refu lililonyooka, limejaa maua kuanzia katikati hadi juu, kila ua lina kimkia nyuma yake kama ndege mdogo. Na yote yalikuwa buluu. Si buluu ya kukisia, buluu yenyewe. Haboba aliishika ile pakiti kwa mikono miwili na hakuiweka chini mpaka chai ikapoa.

Maandishi yalikuwa ya lugha ambayo hatukuijua. Mume wangu alijaribu kuyasoma kama Kiingereza, kisha kama Kifaransa cha Zaire, akakata tamaa. Chini kulikuwa na vipicha: koleo, tone la maji, na nyota yenye ncha sita.

"Nyota," akasema Haboba. "Mbegu hii napandwa nyota ikitoka."

Nilikuwa sijawahi kusikia mbegu ya namna hiyo, lakini nilikuwa bado mgeni katika nyumba ile. Kiangazi kilikuwa kikali. Tulilainisha udongo, tukangoja swala ya Magharibi ipite na nyota ya kwanza ionekane juu ya msikiti, tukamwaga mbegu nusu ya pakiti, tukafukia. Tulimwagilia kila jioni. Hazikuota. Kilichoota ni magugu, na hayo tuliyapalilia kwa heshima kwa muda mrefu kabla ya kuyatambua.

"Wewe mutoto ya shamba namna gani?" aliniuliza Haboba. "Mbegu nakataa wewe?"

"Labda ile hapana nyota, Haboba. Labda iko buibui."

Kisha akatoa nusu ya pakiti iliyobaki, aliyokuwa ameifunga kwenye pindo la khanga. Alisema mumewe marehemu alimfundisha kwamba askari hamalizi risasi zote siku ya kwanza.

Baada ya siku chache nilikwenda Arua kununua vitambaa, nikapitia Ediofe, ambako nilisoma shule ya misheni nikiwa binti. Kulikuwa na sista mmoja mzee, Mzungu, aliyetunza maua ya pale karibu na kanisa kuu. Nikamwonyesha pakiti. Nikamweleza habari ya nyota. Alianza kucheka akiwa amesimama, ikabidi akae kwenye ngazi.

"Mwanangu, hiyo si nyota," alisema akifuta macho. "Ni theluji."

Akanieleza kwamba huko kwao mbegu hizi hulala ardhini wakati wote wa baridi. Pasipo baridi hazijui kama wakati wa kuamka umefika, basi huendelea kulala hadi zioze. Niziweke kwenye mchanga wenye unyevu, penye giza na baridi, majuma mawili au zaidi kidogo. Kisha nizipande mvua zikikolea, wakati usiku una ubaridi, palepale zitakapokulia, maana mzizi wake haupendi kuhamishwa. Nilipokuwa naondoka aliniita tena. "Na mtu asiyaonje! Jani, ua, mbegu, yote ni sumu."

Nilirudi Koboko. Habari ya sumu Haboba aliielewa mara moja; ya theluji ndiyo iliyokuwa ngumu kuifikisha.

"Haboba, mbegu nataka kulala kwa baridi kwanza."

"Baridi gani?"

"Kama ya barafu."

Alifikiri. "Nalala kwa barafu ndio iamke?"

"Ndiyo."

"Kumbe iko Muzungu kabisa," akasema, na suala hilo likaisha.

Lakini baridi ya Koboko ilikuwa wapi? Friji nilizozijua zinazofanya kazi zilikuwa mbili, zote za mafuta ya taa. Moja ilikuwa ya zahanati, na muuguzi aliniambia kwa upole kwamba ile ni ya chanjo na maua hayaugui surua. Nyingine ilikuwa ya mwuza soda aliyekuwa karibu na soko, mtu mnene mwenye huruma, aliyekubali mara moja. Aliyekataa ni Haboba, alipochungulia ndani akaona chupa za bia.

"Mbegu yangu hapana lala na pombe."

"Mama, angalia," alisema mwuza soda. Akahamisha bia zote rafu ya chini, soda juu, na kopo letu la maziwa ya unga, lenye mbegu na mchanga, akaliweka juu kabisa. "Bia iko chini, mbegu iko juu. Hapana salimiana."

Hapo Haboba akaridhika. Shida ni kwamba alitaka kuzijulia hali kila asubuhi. Alifika, akafungua friji, akafunua kopo, akachungulia, na baridi yote ikatoka nje. Mwuza soda akamkataza kugusa mlango. Tangu hapo Haboba alikuwa akikaa kwenye benchi lake la mbele, anaagiza soda, na mwuza soda anamletea habari.

"Wameamkaje?"

"Bado nalala, Mama."

"Vizuri?"

"Vizuri kabisa."

Wateja walisikia mazungumzo haya. Mtaani ikawa habari kwamba ndani ya friji ya mwuza soda kuna kitu cha Haboba kinacholala. Wengine walisema ni dawa ya kuvutia wateja, na kweli wateja waliongezeka, maana kila mtu alitaka soda ya rafu ya juu.

Mvua zilipokolea tulichukua kopo letu, tukapanda kwenye tuta lililo mbele ya kibaraza. Safari hii zilitoka. Asubuhi moja tuliona nywele za kijani juu ya udongo, nyembamba mno, na kadiri zilivyokua majani yalichanika vipande vidogo vidogo kama ya karoti. Haboba alizunguka tuta akisema alhamdulillahi kwa sauti ya chini, asije akazishtua.

Jirani wa kwanza alisema ni karoti. Wa pili alisema ni giligilani, akanyoosha mkono achume kidogo ya mchuzi. Haboba alimpiga ule mkono.

"Hapana ya kula hii!"

"Kama hapana ya kula, iko ya nini?"

Haboba hakujibu. Alitaka buluu yenyewe iwashangaze. Nami nilijua habari ya sumu, lakini nikaogopa kwamba nikisema mama mkwe wangu analima sumu, mambo yatakuwa mabaya zaidi. Basi mtaa ukajumlisha wenyewe. Mmea wa majani membamba. Hauliwi. Ulifichwa kwenye kopo ndani ya friji. Mwenyewe hataki kusema ni nini. Jibu likawa moja: bangi.

Koplo wa polisi alikuja na mwenyekiti wa RC, baraza la mtaa wetu. Alikuwa mtu mrefu, mwangalifu, aliyetoka wilaya ya mbali, na buti zake ziling'aa kuliko za mtu yeyote Koboko. Alichuchumaa mbele ya tuta, akatazama majani bila kuyagusa.

"Mama, hii iko nini?"

"Maua."

"Maua iko wapi?"

"Bado."

"Kama bado, wewe najua namna gani iko maua?"

Nimefikiria swali lile miaka mingi na bado sijalipatia jibu. Haboba alileta pakiti. Koplo aliigeuza, akaisoma kimyakimya, midomo ikicheza.

"Luga gani hii?"

"Sisi hapana jua."

"Kwa nini ilikuwa kwa friji?"

"Ilikuwa nalala."

Koplo alimtazama mwenyekiti. Mwenyekiti akatazama kuku. Kisha akashauri kwamba lingekuwa jambo jepesi kuing'oa yote na kuipeleka Arua ikatazamwe. Hapo Koplo alishtuka, na baadaye, tulipozoeana, ndipo alipotueleza sababu. Mwanzoni mwa kazi yake, huko alikokuwa, alikuta shamba la bangi, akang'oa gunia zima na kulipeleka kwa wakubwa. Ilikuwa mihogo. Wakubwa waliyapika yale majani, wakala na ugali, wakamkaribisha.

"Tutangoja itoe maua," alisema. "Ikitoa, tutajua. Kabla ya hapo, hakuna mutu naruhusiwa kugusa. Hii sasa iko ushahidi."

Na kwa kuwa ushahidi hauwezi kuachwa mikononi mwa mshukiwa, akaomba kiti.

Hivi ndivyo tulivyopata askari mbele ya kibaraza. Alikuja asubuhi, akaondoka jua likizama. Siku ya kwanza alikataa chai ya Haboba, akisema si vizuri kupokea kitu kwa mshukiwa. Siku iliyofuata aliipokea, lakini kwa kikombe alichokuja nacho. Haukupita muda akawa anakula nasi, na Haboba akawa anamwuliza kama asida, ule ugali wao Wanubi, ya jana ilikuwa laini kuliko ya leo. Tangu aondoke kambini hakuwa amekaa na mtu mwenye sare. Alifagia ile mistari yake kwa bidii mpya, na Koplo, bila kuambiwa, alipita pembeni asiiharibu.

Kisha mvua ikakatika ghafla, kama inavyofanya wakati mwingine katikati ya msimu. Jua likachoma. Yale majani yakaanza kulala.

"Mama," Koplo alisema, "maji."

Haboba alikuwa anasuka. Hakuinua macho. "Mimi hapana weza mwagia."

"Kwa nini?"

"Wewe alisema iko bangi. Nikimwagia, nalima bangi. Halafu utanifunga."

Koplo aliinuka kitini. Akanigeukia. Nikamwambia mimi ni mkwe wa mshukiwa, naishi naye nyumba moja, nikishika kopo la maji nitakuwa mshukiwa wa pili. Sikusema kwa ukorofi, nilikuwa naogopa kweli. Alisimama akiangalia ushahidi wake ukinyauka. Hatimaye akachukua jerikeni letu, akaenda kisimani na sare yake yote.

Wanawake waliokuwa kwenye foleni ya kisima walicheka mpaka wakaacha kupiga pampu. Lakini alirudi na maji, na kesho yake akaenda tena. Akajua kumwagia chini kwenye shina, si juu ya jani. Akapalilia. Mbuzi wa jirani alipoingia na kung'ata shina moja, Koplo alimfukuza hadi karibu na barabara ya Oraba, akarudi jasho likimtoka, akauliza kwa wasiwasi, "Amekula nyingi?" Nikadhani ana huruma na mbuzi. Alikuwa anahesabu ushahidi. Yule mbuzi alilala chini siku nzima akitazama ukuta, kesho yake akapona. Mwenye mbuzi akatangaza kila mahali kwamba mbuzi wake alilewa, kwa hiyo bangi imethibitishwa.

Mashina yalipanda juu, yakaanza kuyumba na upepo. Koplo alichonga vijiti, akayaegemeza, na alipokosa kamba alichomoa nyuzi za viatu vyake vinavyong'aa akafungia mashina mawili marefu. Alikaa kitini buti zikiwa wazi. Nilipomwona hivyo nilitaka kucheka, nikashindwa, nikaingia ndani.

Asubuhi ya ua la kwanza nilikuwa jikoni. Nilisikia akiita, sauti imepanda kama ya mtoto: "Mama! Mama! Ushahidi imefunguka!"

Tukatoka mbio. Lilikuwa la waridi.

Haboba aliinama, akalitazama ua kwa karibu, akainuka. "Hii hapana yangu," alisema.

"Mama, iko yako. Mimi nimekaa hapa kila siku."

"Wewe namwagia maji gani?"

"Ya kisima! Maji ile ile!" Koplo aliumia kweli. Nilimwambia Haboba kwamba labda pakiti ilichanganywa, kama watu wanavyochanganya maharage. Hakutaka kunisikia. Siku iliyofuata likafunguka jeupe. Kisha waridi tena, na tena. Haboba akageuza kiti chake kikaelekea ukutani, kama yule mbuzi.

La buluu lilikuwa la mwisho, kwenye kona ya tuta, shina fupi kuliko yote, ambalo Koplo hakuliwekea hata kijiti. Lilikuwa moja tu. Sikujua kwamba rangi inaweza kumshika mtu kifua. Mimi nimekulia Abuku, kwetu ua ni dalili kwamba boga linakuja. Lakini nilisimama pale na ufagio nisijue nilikuwa nafanya nini. Haboba alikwenda ndani, akarudi na nyuzi zake zote za buluu, akaziweka moja moja kando ya lile ua. Hakuna hata uzi mmoja uliofanana nalo. Alizitupa zote chini, akacheka, machozi yanamtoka.

Sasa, Koplo alikuwa ameshapeleka taarifa Arua. Mkubwa wake akafika kwa pikapu, na vumbi lake, na haraka yake. Akatazama tuta. Mtaa mzima ulikuwa umejipanga kwenye uzio.

"Koplo. Hii ni maua."

"Ndiyo, afande."

"Umelinda maua."

"Nililinda mpaka ikajulikana iko maua, afande."

Mkubwa alilitazama tena tuta. Nadhani naye alitafuta kosa katika maneno yale akalikosa. Kisha macho yake yakafika kwenye kona. Akasema lile la buluu ni zuri, mke wake angelipenda, akatoa kisu kidogo mfukoni.

Koplo alisimama wima. Akapiga saluti, buti zake zikiwa hazina nyuzi. "Afande, hiyo moja bado iko chini ya uchunguzi."

Mkubwa alimtazama Koplo, akatazama buti, akatazama nyuzi zilizofungwa kwenye mashina. Haboba alikuwa ameshaanza kukata ya waridi na meupe, mikono miwili imejaa, akamsukumia kifuani. "Chukua, mwanangu. Pelekea bibi yako. Lakini mwambie hapana weka kwa mchuzi, iko sumu." Mkubwa akaondoka Koboko na kumbatio la maua ameyashika mbali na uso wake.

Jua la Desemba liliyamaliza yote. Haboba alikusanya mbegu, lakini mwuza soda alikuwa ameshauza friji yake kwa mfanyabiashara aliyekwenda nayo Kaya. Tulijaribu kuzika kopo chini ya mtungi wa maji, penye ubaridi. Mwaka uliofuata zilitoka chache, zote za waridi, na Haboba alizitunza vizuri tu, kama mtu anavyotunza watoto wa jirani.

Koplo alihamishiwa Moyo. Alipokuja kuaga, Haboba alimpa kifuniko kikubwa kuliko vyote alivyowahi kusuka, na hotuba ndefu ya Kinubi ambayo hakuelewa hata neno moja. Aliiitikia yote kwa "Ndiyo, Mama."

Baada ya wiki moja alikuja askari mwingine, kijana mwembamba, kofia imembana. Alisema ameambiwa kituoni kwamba katika kazi alizoachiwa kuna lindo la bustani nyumbani kwa Haboba, na ameleta kiti chake mwenyewe. Kwenye tuta wakati huo kulikuwa na bamia zangu.

Haboba alimzunguka akimkagua kuanzia kofia hadi buti.

"Leo hakuna ya kulinda," alimwambia. "Lakini fensi ya nyuma imeanguka."

Yule kijana alianza kusema kwamba hilo si katika maagizo aliyopewa. Kisha akaniona nikitoka jikoni na sinia la chakula. Akaweka kiti chini, akavua kofia, akaniuliza nyundo iko wapi.